Nguvu Alizolaza Apolinaria

Kama ungepita Ngulumbi mwaka wowote kabla ya watu kuhamishwa, ungemkuta Apolinaria ameegemea kitu. Kisimani ameegemea mti, kanisani ameegemea nguzo, shambani ameegemea mpini wa jembe, na akikosa kabisa pa kuegemea ataegemea bega la jirani yake Pelagia, ambaye alikuwa mnene na hakuona tabu. Watoto walimwita Mama Mchovu. Watu wazima nao walimwita hivyo hivyo, ila walisubiri kwanza apite. Sitamtetea kwa hilo, maana kuchoka alichoka kweli. Ninachotaka kijulikane ni kwamba uchovu ule haukuwa wa uvivu wala wa ugonjwa. Ulikuwa kazi, na kazi yenyewe alirithishwa.

Bibi yake, Kalunde, alikuwa mpagazi. Watu wakisikia habari za wapagazi wa Unyamwezi huwaza wanaume na pembe za ndovu mabegani, wakasahau kwamba nyuma yao walitembea wanawake na vyungu, mikeka na unga, na mara nyingi mtoto juu ya hayo yote. Kalunde alikwenda Ujiji mara saba na pwani mara mbili, na kila safari alirudi mzima, jambo ambalo wenzake wengi hawakujaliwa. Alikuwa na siri iliyojulikana katika ukoo wake tu. Waliiita kulaza nguvu.

Wakati wa masika, misafara imesimama na watu wako mashambani, mpagazi wa ukoo ule aliweka akiba ya mwili wake kila jioni. Moto wa kupikia ukibaki makaa, aliweka viganja vyote viwili juu ya figa la tatu, akatoa pumzi mara tatu, akasema: "Lala hapa, mwenzangu. Leo nimekutumia nusu, nusu nyingine lala. Siku ya mzigo nitakuita kwa jina langu." Hapo nguvu zilizobaki mwilini ziliingia kwenye jiwe, na yeye akaenda kitandani amelegea kama nguo iliyokamuliwa. Kiangazi kikifika, asubuhi ya safari, aliweka viganja palepale, akataja jina lake, na nguvu za miezi sita zikaamka kwa mkupuo. Hizo ndizo zilizompeleka Kalunde mpaka Ujiji na mzigo kichwani wakati wengine wakianguka njiani.

Masharti yalikuwepo, tena makali. Nguvu zilizolazwa hazitoki nusu. Ukiziita huja zote. Zikija lazima zikute mzigo unaolingana nazo, la sivyo humgeukia mwenyewe. Kalunde alimwona kaka yake akifa hivyo, mishipa ya shingo imepasuka, siku alipoamsha nguvu za msimu mzima ili abebe mbuzi mmoja mbele ya wasichana. Tena anayelaza haruhusiwi kuacha. Akikosa jioni moja si kitu, ya pili atavumilia. Ya tatu, jua likizama hajagusa jiwe, nguvu huamka zenyewe na kumfuata popote alipo, na hazitamkuta na mzigo.

Sasa lilipo kosa ni hapa. Apolinaria alipofikisha miaka kumi na minane, mizigo ya Ujiji ilikuwa imekwisha kupanda treni zamani. Reli ilipita Kigwa tangu enzi za Mjerumani, mwendo wa asubuhi moja tu kutoka Ngulumbi, na filimbi yake ilisikika upepo ukivuma vizuri. Misafara haikuwepo, wapagazi walikuwa wazee wanaoota jua, na hata hivyo Kalunde, kipofu na karibu kufa, alimfundisha mjukuu wake kulaza nguvu kama vile anavyofundishwa msichana kusonga ugali. "Ukiolewa utakuwa na jiko," alimwambia. "Jiko la kwetu halikai tupu." Hakuna aliyeuliza msafara wenyewe utatoka wapi. Apolinaria alimpenda bibi yake, na alipoolewa na Justus mwaka elfu moja mia tisa arobaini na nane, jioni ya kwanza kabisa jikoni kwake aliweka viganja.

Jiko lile Justus alilijenga kuzunguka jiwe lililochomoza kutoka ardhini, kichwa tu cha mwamba mkubwa usiojulikana mwisho wake. Mafiga mawili aliyaokota, la tatu lilikuwa mwamba. Wakati ule waliona ni bahati.

Nafasi ya kuziamsha aliipata mara moja, na akaiachia. Miaka mitatu baadaye kanisa dogo la Ngulumbi liliagiza kengele, na kengele ikaletwa na treni mpaka Kigwa. Wanaume wanane waliibeba kwa miti mpaka kwenye korongo, na hapo ikawashinda. Walikaa chini wakitweta, katekista akiwahimiza, padre akijifuta jasho. Apolinaria alifika akiwa na mtungi kichwani na Flavia, mtoto wake wa kwanza na wa pekee, mgongoni. Akaitazama kengele, na mwili wake wote ukamwambia kwamba ule ndio mzigo wake, sawasawa na nguvu za miaka mitatu, wala hauzidi wala haupungui. Angerudi nyumbani mbio, angegusa jiwe, angerudi na kuinyanyua. Lakini alikuwa mke wa watu, tena bado kijana. Mwanamke ainue kilichowashinda wanaume wanane, mbele ya padre? Wangesema mchawi kabla kengele haijafika kanisani. Akainamisha uso, akateka maji, akaenda zake. Nimekwisha kuona watu wengi wakijifunga maisha yao, lakini wachache waliojifunga kwa aibu ya dakika moja namna ile.

Maana baada ya siku ile kila jioni iliongeza, na kadiri ilivyoongeza ndivyo mzigo wa kulingana nayo ulivyozidi kukosekana. Miaka mitano, kumi, kumi na tano. Jiwe halikupoa hata katikati ya masika. Kuku walilala juu yake, na Pelagia alikuja kuanikia hapo mahindi yake bila kuuliza kwa nini. Apolinaria alitembea akitafuta kwa macho kitu kizito. Mti uliokatwa? Mdogo. Ng'ombe aliyetumbukia shimoni? Mdogo. Siku ya uhuru, vijana wa Ngulumbi walikwenda Tabora mjini kucheza ngoma mpaka asubuhi, naye alibaki amekaa kwenye kigoda akipepesuka kwa usingizi, akifikiri kwamba nchi nzima imetua mzigo siku moja na yeye hana hata wa kubeba.

Justus alipougua, mwaka wa sitini na sita, ilibidi apelekwe hospitali Tabora. Apolinaria aliingia jikoni, akaweka viganja juu ya jiwe, akafungua mdomo kutaja jina lake. Akaufunga. Mumewe alikuwa amekonda, amebaki mifupa. Kwa nguvu za miaka kumi na minane alikuwa mwepesi kuliko yule mbuzi. Zingemuua Apolinaria njiani na mgonjwa angeachwa barabarani. Wanaume wanne wakamchukua kwa machela, polepole, na Justus akakata roho kabla hawajafika stesheni. Apolinaria alilia kwa kufiwa, na alilia pia kwa hasira, na hasira hiyo hakuweza kumweleza mtu.

Alibaki na Flavia. Flavia alisoma kwa masista, akasomea ualimu mjini Tabora, na mwaka wa sabini akapangiwa shule Ujiji. Ujiji! Kule ambako Kalunde alikwenda mara saba kwa miguu, mjukuu wake hakuweza kwenda hata mara moja kwa treni. Kutoka Kigwa mpaka Tabora, pale kungoja treni ya Kigoma ambayo haikuja kila siku, halafu safari yenyewe, halafu kurudi: ungehesabu unavyotaka, hazikupungua jioni tano. Yeye alikuwa na ruhusa ya jioni mbili.

Flavia aliolewa huko, mama yake hakwenda. Alijifungua mtoto wa kike, mama yake hakwenda. Alituma nauli mara tatu. Barua ya mwisho ilisomwa na katekista kwa sauti ya kanisani, na ndani yake iliandikwa: "Mama, kama hunitaki niambie tu, nitaelewa. Mtoto ameanza kutembea. Watu wananiuliza kama nina mama."

"Nijibu nini?" aliuliza katekista, kalamu mkononi.

Angemwambia nini katekista? Kwamba ana jiwe?

"Mwandikie nimechoka," alisema Apolinaria. "Mwandikie nimechoka sana, anisamehe."

Tangu siku ile alitaka kitu kimoja tu duniani: kumfikia Flavia kabla moyo wa binti huyo haujamfungia kabisa. Na kila jioni, kwa viganja vyake mwenyewe, alizidi kujiongezea ukuta.

Amri ya kuhama ilifika Septemba ya mwaka wa sabini na nne. Ngulumbi yote, kaya thelathini na nane, ihamie kijiji cha ujamaa cha Azimio, kando ya barabara, mwendo wa saa mbili kwa miguu. Kungekuwa na shule, zahanati na bomba. Wengine walifurahi, wengine walinuna, hakuna aliyeulizwa. Lori lilikuja na mgambo, likachukua watu, vyungu na mikeka. Chakula kingefuata safari ya pili. Mgambo wakabomoa mapaa ili mtu asipate pa kurudia. Apolinaria alijaribu kumweleza kiongozi wao kwamba yeye anaomba abaki hata kama hana paa.

"Ubaki ufanye nini, mama?"

"Nina jiwe langu."

"Azimio mawe yapo," alisema yule kijana bila ubaya wowote, akampandisha kwenye lori.

Safari ya pili haikuwepo. Lori lilipokuwa likirudi kuchukua chakula lilizama korongoni, palepale kengele ilipowashinda watu, na ekseli ikavunjika. Watu wa Ngulumbi walikaa chini ya miti Azimio, bila nyumba, wakijua kwamba mtama wao na mahindi yao ya mwaka mzima yako wazi kule, kwenye vilindo, yale mapipa ya magome ya mti, bila paa juu yake. Mawingu yalikuwa yameanza kukusanyika mapema mwaka ule. Wanaume walijaribu kubeba, lakini kilindo kimoja kilihitaji watu wawili na siku nzima, na mwenyekiti wa Azimio, Eustace, alikuwa amekwisha kuwagawa wote kwenye kukata miti ya kujengea. Eustace alikuwa fundi cherehani kabla ya uenyekiti. Hakuwa mtu mbaya. Ila aliamini kwamba kila kitu kinaweza kupimwa, kukatwa na kushonwa kikaenea.

Jioni ya kwanza Apolinaria hakugusa jiwe. Ya pili, miguu ikaanza kuvimba. Asubuhi ya tatu alijua kwamba jua lile likizama atakufa, na Flavia atapata barua nyingine iliyoandikwa na katekista. Akamwendea Eustace.

"Ndugu mwenyekiti, naomba ruhusa nikalete chakula Ngulumbi."

Eustace alimtazama kuanzia miguuni. "Wewe, mama Flavia? Wewe unayeegemea watu hata ukisalimiwa?"

"Mimi."

"Kalete utakachoweza," alisema, akicheka kidogo. "Hata kibaba kimoja tutashukuru."

Alikwenda akijikokota, na njia ya saa mbili ikamchukua mpaka saa tatu na nusu asubuhi. Jikoni kwake palikuwa uwanja. Kuta zimeanguka, mafiga mawili yamepinduliwa, la tatu liko vilevile na kuku aliyesahaulika amelala juu yake. Akamfukuza kuku. Akaangalia vile vilindo vyote vilivyosimama kwenye magofu ya nyumba thelathini na nane, akafikiri kwamba huenda vikatosha, na kama havitoshi basi. Aliogopa. Akaweka viganja juu ya jiwe.

"Ni mimi Apolinaria," alisema. "Mzigo umefika. Amka."

Zilikuja kupitia viganjani, zikapanda mikononi kwa moto usiounguza, zikafika mabegani, zikajaa kwenye shingo pale wapagazi walipokuwa na sugu. Miaka ishirini na sita ya jioni. Nguvu za bibi harusi, nguvu za mama anayenyonyesha, nguvu za mjane, zote zilikuwemo. Alisimama wima kwa mara ya kwanza tangu ujana wake, akagundua kwamba yeye ni mrefu.

Safari ya kwanza alichukua vilindo vitatu, kimoja kichwani na viwili kwenye mti begani, akaona ni kujichelewesha. Safari ya pili alikwenda kwenye kilichokuwa kanisa, akachukua mlango, ule mpana wa mninga, akapanga juu yake vilindo vinane kama mtu anayepanga vikombe kwenye sinia, akajitwika. Hakutembea, alikimbia ule mchakamchaka wa wapagazi, mdogo mdogo, bila kuyumbisha kichwa, ambao hakuna aliyemfundisha. Azimio watu waliacha mashoka. Pelagia alipiga yowe akakaa chini. Apolinaria hakusimama kumweleza mtu. Alitua, akageuka, akaondoka. Wakati huu hakuona aibu. Mambo ya aibu alikwisha kuyalipia.

Saa kumi alasiri chakula chote cha Ngulumbi kilikuwa Azimio, na nguvu hazijaisha.

Alizisikia. Zilikuwa zimeanza kuzunguka shingoni zikitafuta kitu, na mshipa mmoja chini ya sikio ulikuwa umesimama na kupigapiga. Akaleta mawe ya kusagia, yote. Akaleta nguzo za nyumba, mafungu kwa mafungu, akaleta mizinga ya nyuki, kengele ya kanisa akaileta mkononi kama ndoo. Mshipa ukazidi kupiga. Aliona kwa jicho moja tu sasa. Hakikubaki kitu Ngulumbi isipokuwa mwamba wenyewe, na mwamba hauna mwisho. Hapo ndipo alipolikumbuka lori.

Dereva na utingo walikuwa wamelala kivulini kwa siku ya tatu wakingoja ekseli kutoka mjini. Waliamka wakamkuta mwanamke ameingia chini ya tumbo la lori, mgongo umegusa chuma.

"Mama, utakufa!" alipiga kelele dereva.

"Nikiacha ndiyo nitakufa," alisema Apolinaria. "Panda ushike usukani."

Dereva alipanda, nadhani kwa sababu alishindwa kufikiri jambo jingine. Lori likatoka mchangani. Akalishika nyuma, akainua upande wenye ekseli mbovu, akalisukuma barabarani magurudumu mawili yakizunguka na mawili yako hewani mikononi mwake, kupanda kilima, kuteremka, mpaka miti ya Azimio ikaonekana na watu wote wamesimama mstari. Hatua chache kabla ya uwanja alihisi shingo imelegea. Kitu kikamtoka polepole kupitia miguuni kikaingia ardhini. Akaweka lori chini kwa uangalifu, akakaa kando yake, akalala usingizi palepale mbele ya kijiji kizima.

Alilala siku mbili. Alipoamka hakuwa amechoka. Nataka mtu aelewe maana ya hilo: alikuwa na miaka arobaini na minne, na hakuwa amewahi kuamka hivyo tangu siku ya ndoa yake. Alikuwa na nguvu za mwanamke wa kawaida, si zaidi, na hakudaiwa na jiwe lolote. Alioga, akafunga kanga, akaenda moja kwa moja kwa Eustace kuomba barua ya safari, kwa sababu siku zile bila barua ya mwenyekiti hukutoka kijijini.

"Nataka kwenda Ujiji kwa binti yangu."

Eustace alisimama kumpokea. Siku nne zilizopita asingesimama. "Mama Flavia, uende? Wakati huu? Wakubwa wa wilaya wanakuja Jumamosi kukuona. Nimekwisha kuandika. Nimekuwekea ekari tatu katika shamba la kijiji, peke yako, uwe mfano kwa wengine."

"Nguvu zile zimekwisha, mwenyekiti."

"Unyenyekevu ni mzuri," alisema Eustace.

"Zimekwisha kweli. Zilikuwa za akiba."

"Basi kama uliweka akiba mara ya kwanza, utaweka tena. Barua tutazungumza baada ya mavuno."

Jumamosi wakubwa walikuja na kamera. Akaletewa gunia la mahindi, gunia moja tu, mbele ya watu. Apolinaria aliinama, akalikumbatia, akavuta, likasogea kidogo likabaki. Akajaribu tena. Mkubwa mmoja akamnong'oneza Eustace kwa sauti iliyosikika kwamba huyu mama anagoma. Pelagia peke yake alisema, "Mwacheni, mwanamke wa watu amechoka," na watu wakacheka, kwa sababu wote walimwona amebeba lori. Kuanzia siku ile hata akijifuta jasho waliambiana kwamba anajifanya. Ekari tatu zikabaki kuwa zake. Na pale barabarani, na kwenye njia ya Kigwa, mgambo waliwasimamisha wote wenye mafurushi na kuwarudisha.

Wiki mbili alilima. Kisha akatambua jambo ambalo lingemchukua Mnyamwezi mwingine muda kulifikiri: mgambo waliangalia vichwa. Aliye na mzigo kichwani ni msafiri. Ila kumwendea binti aliyejifungua bila kitu kichwani, bila kuku, bila unga, bila hata asali, ni fedheha ambayo mama wa huku hawezi kuifikiria. Apolinaria aliifikiria. Asubuhi moja alichukua mundu, akazifunga upindoni zile pesa za Flavia alizozihifadhi, akapita mbele ya mgambo kama anayekwenda kukata nyasi za paa.

"Mwangaluka," aliwasalimu.

"Mwangaluka, mama. Leo kata nyingi!"

Mundu aliuacha kwenye kichaka karibu na stesheni. Njiani mpaka Tabora, na kutoka Tabora mpaka Kigoma, abiria walimshangaa mama mtu mzima aliyekaa bila hata kikapu, mikono mitupu juu ya magoti.

Flavia alifungua mlango na mtoto kiunoni. Alikuwa amenenepa. Alimtazama mama yake usoni, kisha akatazama nyuma yake, akitafuta mzigo au mtu aliyeubeba. Hakuona kitu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu."

Hawakukumbatiana. Waliketi. Apolinaria alimsimulia yote, kuanzia Kalunde mpaka lori, na alivyozidi kusimulia ndivyo alivyozidi kusikia namna maneno yenyewe yanavyosikika katika chumba cha mwalimu, kwenye meza yenye madaftari. Alinyosha viganja. Vilikuwa viganja vya mtu yeyote aliyelima.

"Miaka minne," alisema Flavia. Sauti yake ilikuwa ya chini. "Nimeolewa peke yangu. Nimezaa nikilia jina lako. Na sasa niwaambie watu kwamba mama yangu alizuiwa na jiwe?"

"Sikuombi uwaambie watu."

"Ungetunga uongo mzuri zaidi, mama. Ungesema ulikuwa unaumwa, ningekuamini."

Apolinaria hakuwa na la kumwonyesha. Kama angekuwa na nguvu zile angeinua nyumba ile na binti yake ndani yake, lakini nguvu zile ndizo zilizokuwa zimemfunga, na zilikuwa zimekwisha. Alibaki na ukweli tu. Machozi yakamtoka na hakuyafuta.

"Unarudi lini?" aliuliza Flavia.

"Sina pa kurudi. Nimetoroka. Sina barua, nikionekana tu Kigwa watanikamata."

Flavia aligeuka. "Umetoroka? Wewe?"

"Ndiyo."

"Na huwezi kurudi."

"Siwezi, mwanangu. Nimekwama hapa."

Flavia alimtazama mama yake, yule mama ambaye kwa miaka minne hakuweza kuja, na sasa hakuweza kuondoka. Haikujulikana kama atacheka au atalia. Akasimama, akamtoa mtoto kiunoni.

"Basi mshike huyu," alisema, "nikakutandikie."

Apolinaria akampokea mjukuu wake kwa mikono miwili. Mtoto alikuwa mzito kuliko alivyodhani, na mikono ilianza kumuuma mara moja, lakini hakumtua.